Bi Munira, Aliyekataa Kuchora Mdomo wa Mumewe

Juni 30 mwaka huu Bi Munira Bakari anastaafu, baada ya kuichorea studio yetu ya hapa Temeke kwa miaka ishirini na mmoja.

Alianza na matangazo ya vyandarua. Mwaka 2014 tulipoanzisha "Damu ya Bati", vibonzo vya watu wazima vyenye hadithi za kutisha za zama zijazo, kila kipindi na kisa chake, yeye ndiye aliyekuwa mchoraji mkuu. Maiti zinazotembea alizichora kwa kututembeza sisi uani, kila mtu na kiatu kimoja ili tuchechemee. Lakini hasa alikuwa fundi wa midomo inayozungumza. Alibandika kioo mezani akawa anatamka silabi mbele yake, hadi muuza chipsi wa nje akatuuliza kama yule mama anaumwa. Tuzo mbili zilizoko mapokezi ni za mkono wake.

Sauti ya msimulizi, mhusika wa kuchorwa aliyefungua kila kipindi, ilikuwa ya mumewe, Mudathir. Alifariki mwaka 2021. Tulimzika Chanika, na msimulizi tukamwondoa.

Mwaka 2023 Bi Munira alipewa sauti za msimu mpya ili azichoree midomo. Alivaa hedifoni, akamsikia mumewe akisimulia kisa kilichoandikwa mwezi uleule. Kompyuta ilikuwa imefundishwa kuiga sauti yake kwa rekodi zake za zamani. Hata ile pumzi aliyokuwa akivuta kabla ya kusema "sikilizeni" ilikuwemo. Hakuna aliyemwambia mapema. Sote tulijua.

Alikwenda kwa mkurugenzi wetu, Bwana Benson.

"Maneno haya Mudathir hakuyasema," alimwambia. "Mwacheni apumzike."

"Mama, watazamaji wanamtaka," Bwana Benson alijibu. "Na mkataba alisaini mwenyewe."

Bi Munira alikataa kuchora. Akahamishiwa stoo kupanga michoro ya zamani, na huko ndiko alikomalizia utumishi wake, akifika saa moja na nusu asubuhi kama kawaida. Midomo ile nimeichora mimi, kwa ufundi alionifundisha yeye. Nilikuwa na sababu zangu; hakuna hata moja inayofaa kuandikwa hapa.

Siku moja alisimama nyuma ya kiti changu, akatazama.

"Herufi ya m mdomo hufungwa, Praygod," alisema. "Wewe unamwacha wazi. Maiti haachwi mdomo wazi."

Akarudi stoo.

Sherehe ya kumuaga ni Ijumaa. Uongozi umetayarisha salamu maalumu kwa sauti ya marehemu. Wafanyakazi tisa tumeandika barua kuomba ziondolewe. Hadi kijarida hiki kinakwenda kuchapwa hatujajibiwa. Bi Munira amesema hatakuja.

Basi tunamshukuru kwa maandishi. Bi Munira, Mungu akujalie afya na siku nyingi nyumbani kwako, na ukimya uliouomba kwetu tukakunyima, ukaupate huko.