Neno la Kilatini Lililomgharimu Sajini Masharubu

Ijumaa hii, tarehe 29 Agosti 2025, Bwana Erinayo Okwera, mhudumu wa chumba cha upasuaji, anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja katika hospitali yetu ndogo hapa Bugolobi. Alizaliwa katika kambi ya polisi, mtoto wa askari kutoka Gulu, na ndiyo maana mpaka leo humwambia mgonjwa alale chali kana kwamba anakagua gwaride.

Wengi mmesikia habari ya masharubu. Mwaka 1998 aliletwa Sajini Oola, mwenye uvimbe mguuni. Kwenye fomu ya Kiingereza, daktari aliandika kwamba eneo la upasuaji ni "sural". Kazi ya Okwera ilikuwa kulinyoa na kulisafisha eneo hilo. Kwa Kiswahili chake cha kambini sura ni uso, basi hakuuliza mtu. Akapaka sabuni, akashika wembe. Sajini, kwa nidhamu ya kipolisi, alinyamaza hadi upande mmoja wa masharubu ulipokwenda.

"Dokta, masharubu yangu imekosa nini?" aliuliza hatimaye. "Mimi nauma mguu!"

Ndipo Okwera alipojifunza kwamba neno lile limetoka kwenye Kilatini, na kwamba kwa Kilatini sura ni shavu la mguu, ile nyama ya nyuma chini ya goti. Tulioajiriwa baadaye bado tunachekeshwa nalo. Yeye hujitetea kwamba ikiwa Waswahili wameweka shavu mguuni, Warumi nao wana haki ya kuweka sura hukohuko. Sajini alirudi nyumbani mguu umepona, uso mtupu. Mkewe, inasemekana, alifurahi.

Lakini aibu ile ilimuuma kuliko alivyoonyesha. Tangu hapo hakumwandaa mgonjwa yeyote bila kumwomba aonyeshe kwa kidole chake mwenyewe mahali panapouma. Alituchelewesha, nasi tulinung'unika, mimi nikiongoza.

Mwaka 2019 Mwalimu Zulaika wa Kibuli alikuja kutolewa uvimbe kwenye shavu la mguu. Fomu ilisema mguu wa kushoto. Okwera alipomuuliza, akaonyesha wa kulia. Mimi, niliyekuwa nimpasue, nilikuwa na haraka, nikaamuru aingizwe chumbani. Okwera akasimama katikati ya mlango.

"Daktari, kesho nifukuze kazi," alisema. "Leo angalia mguu kwanza."

Niliangalia. Uvimbe ulikuwa kulia, na fomu ile niliijaza mimi. Nikaisahihisha fomu, kisha nikakaa. Okwera aliniletea chai, wala hajawahi kuisimulia siku ile mbele ya mtu. Basi naisimulia mimi.

Asante, Mzee Okwera. Upumzike kwa afya na amani, wewe na wajukuu wako. Na wewe Mama Aol, tunakurudishia mumeo. Sisi hatukuwahi kumshinda kwa ubishi, tunakutakia heri.

Dkt. Nerima, Idara ya Upasuaji