Ukungu Ndani ya Lenzi

Jina la Yesu litukuzwe, wapendwa! Wazee wangu, shikamooni.

Mimi ni mtoto wa Mbuji, kule milimani Mbinga, wa wakulima wa kahawa, na nina stashahada ya upigaji picha za filamu. Hakuna aliyenishika mkono! Dar es Salaam nilibeba taa na stendi za wenzangu miaka sita, nikilala stoo ya vifaa, mpaka nikanunua kamera yangu. Niliporudi, sikuona huku mtu anayejua mwanga kunizidi. Nasema kweli tupu.

Lakini, ndugu zangu, nilikuwa na ugonjwa. Sikujua kungoja, wala kumsikiliza mtu asiye na cheti.

Mwaka jana nikapewa filamu yangu ya kwanza kama mpigapicha mkuu, filamu ndogo isiyo na tajiri nyuma yake. Sehemu ya mwisho tulipiga hapa Lundo, ufukweni mwa ziwa, na mwigizaji mkuu alikuwa na siku hiyo moja tu. Nilitoka Mbinga alfajiri, baridi inakata masikio, kamera nimeiviringishia sweta. Kufika ziwani, joto! Nikaitoa papo hapo. Lenzi ikajaa ukungu. Nafuta nje, kumbe uko ndani! Nikaifunika sweta, nikaifunua, nikaifunika tena. Mwongozaji akaniambia, "Kaka, mwisho saa tisa. Ikishindikana namwita mwingine." Miaka yangu sita, ndugu zangu!

Mama mmoja aliyekuwa akianika usipa, dagaa wetu wa ziwani, akacheka. "Ninyi watu wa milimani! Hata kamera mnaivalisha sweta?" Kisha akasema, "Baba, usipa ukiufunika na unyevu wake unaoza. Kifungue hicho kitu, kipate upepo. Nawe ukae."

Mimi, na stashahada yangu! Lakini siku hiyo Bwana alinivunja. Nikaitoa lenzi, nikaiweka kwenye kichanja chake, upande wa kivuli, nikakaa mchangani nikaomba. Sikugusa kitu!

Wapendwa, ukungu ukaanza kuondoka pembeni, ukaisha katikati. Saa nane na nusu lenzi ilikuwa safi. Na hapo hapo, mbali ziwani, wale wadudu wadogo wa ziwa letu, maelfu kwa maelfu, wakapanda juu kama moshi mweusi. Haleluya! Nikamsimamisha mwigizaji mbele ya wingu lile. Asubuhi halikuwepo! Ndiyo picha inayofunga filamu.

Leo niko kwenye filamu ya tatu. Namshukuru Mungu, na mama yule, yuko benchi la nyuma pale, bado ananicheka. Na wewe uliyejifunika na unyevu wako, jifungue mbele za Bwana. Usifute, usiharakishe. Kaa. Atakukausha.