Auleria Juvenali na Inanga ya Baba Yake

Waombolezaji, mimi ni Alfonce, mdogo wake marehemu, familia imenipa karatasi hii niisome na ikaniomba nisiongeze langu, lakini nitaongeza, na atakayekereka avumilie, marehemu alivumilia zaidi.

Auleria Juvenali alizaliwa tarehe 14 Machi 1974 hapa Bukiriro, mtoto wa kwanza wa mzee Juvenali Hakizimana, yule mpiga inanga, ala yetu ya nyuzi, ambaye nyote mmekuwa mkimtaja tangu asubuhi kana kwamba ndiye tunayemzika. Alisoma shule ya msingi hapa hapa kuanzia mwaka 1982 hadi 1988, akafaulu, asiendelee, kwa sababu baba alihitaji mtu wa kumkazia kamba za inanga na kumbebea, na sisi wavulana tulikuwa wavivu.

Tarehe 20 Juni 1998 alifunga ndoa na Bwana Iradukunda, dereva, aliyekiri mbele ya wakwe kwamba anataka watoto wenye damu ya mzee, wakajaliwa binti mmoja, Odeta, na ilipoonekana mtoto hana sikio la muziki bwana akahamia kwingine. Yupo pale nyuma, karibu shemeji.

Baba alipofariki tarehe 2 Septemba 2001, ukoo ulikaa, tukamvika dada kofia ya baba, tukamwapisha kaburini kwamba atapiga nyimbo za mzee kama zilivyo, bila kuongeza wala kupunguza neno, na aliyeshika kofia ni mimi. Tangu hapo alipiga kwenye harusi zenu hadi Nyakanazi, akiimba kwa kunong'ona kama inanga inavyotaka, nanyi mkipaza sauti kwamba hasikiki, kisha mkisema baba yake alikuwa fundi zaidi. Jamani, alikuwa na nyimbo zake mwenyewe kumi na moja, kaziandika daftarini, na alichotaka ni mtu mmoja tu atakayetulia asikilize mmoja hadi mwisho.

Januari 2025 aligundulika na saratani ya koo, akalazwa Biharamulo. Tarehe 3 Juni nilikwenda kumwona, akafungua daftari, akaniambia, "Alfonce, huu mmoja tu, usinikatize." Alinong'ona mistari miwili, wagonjwa wakaanza kututazama, nikaona aibu, nikamwambia, "Dada, imba ule wa baba, ule wa ng'ombe." Akauimba ule wa baba wote, sauti ikakatika, hakutamka neno tena hadi alipofariki tarehe 6 Juni.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliochimba kaburi, wasanii wenzake, pamoja na fundi wa spika, ambaye kamati imeshamwelekeza apige kanda ya baba jeneza likishushwa.

Pumzika kwa amani, dada, uendako hakuna wa kukuagiza wimbo.