Tableti ya Kikundi Imeshiba

Benchi la Kilangali ni ubao mmoja wa mninga uliolazwa juu ya matairi mawili ya lori, kando ya barabara ya kutoka Mikumi kwenda Kilosa, mbele ya kibanda cha kuchajia simu. Asubuhi Mwamvua hutua hapo birika la kahawa na sinia la kashata, na wanaume wenye mashamba huja kukaa na kuyazungumzia. Yupo Mzee Hussein, anayeitwa Katiba kwa kuwa ndiye aliyeandika katiba ya kikundi cha wakulima, na hakuna mwingine aliyewahi kuisoma. Yupo Oswald, yaani Breki, aliyekuwa utingo wa malori pale Mikumi, na mpaka leo akikaa mguu wake wa kulia hutafuta pa kukanyaga. Na yupo Kondo, mwenye kibanda, jina la kijiwe Chaja. Huyu ndiye mtaalamu wa mitambo yote tangu siku aliponunua soketi ya matundu mengi. Hakuna jambo la dunia hii lililowahi kuwashinda watu hao, ilimradi halihitaji kusimama.

Siku hiyo Ditram, mwenzao wa kikundi, alifika anahema, tableti ya kikundi kaiviringisha kwenye foronya.

Ditram: Shikamoo, Mzee Katiba.

Katiba: Marahaba, Baba Beda. Mbona mbio mbio kama umeibiwa?

Ditram: Mkaguzi wa mbegu anakuja leo. Nataka kupiga picha ya jaruba langu la mpunga lilivyoiva, hiki kitu kinakataa. Kinasema nafasi imejaa.

Alikuwa na haki ya kuhema. Kikundi chao kinalima mpunga wa mbegu, na jaruba likipita kwa mkaguzi, mpunga wake unafungwa kwenye magunia ya mbegu, unakwenda kupandwa na watu mpaka wilaya ambazo Ditram hajawahi kuzikanyaga. Likikataliwa, unapelekwa mashine ya kukoboa kama wa mtu yeyote, unaliwa, hadithi inaishia chooni. Mwaka jana la kwake lilikataliwa kwa sababu ya mpunga mwekundu uliojichanganya humo. Mwaka huu yeye na mkewe Magdalena waliinama msimu mzima wakiung'oa shina kwa shina. Wenzake wa benchi walichoka mapema, wa kwao ulishakwenda mashineni. Jaruba lililobaki na matumaini lilikuwa moja tu, na Ditram alitaka lipite kuliko alivyowahi kutaka kitu tangu alipotaka kumwoa Magdalena.

Chaja alipokea tableti, akaipima kwa mkono kama mtu anayenunua kuku.

Chaja: Nzito hii. Imeshiba umeme. Watu mnachaji mpaka mia kwa mia, halafu mnashangaa imejaa! Umeme unaingia, hautoki, sasa picha ikae wapi?

Mwamvua: Si umefungua kibanda cha kuchaji wewe mwenyewe?

Chaja: Ndiyo maana najua madhara yake, dada.

Breki aliinyakua, akapitisha kidole. Ikajitokeza michezo, ukurasa baada ya ukurasa, inameremeta kama maduka ya sikukuu.

Breki: Oya! Haya yote nani kaweka?

Katiba: Watoto hao.

Mwamvua: Watoto wa nani? Si tableti hulala kwenu nyie, zamu kwa zamu?

Hapo wanaume walikunywa kahawa. Ni kweli kwamba mradi wa mbegu ulipowapa tableti, Katiba aliamua itunzwe kama bomba la kikundi la kupulizia dawa: kila mwanachama akae nayo usiku mmoja, kesho amkabidhi mwenzake. Utaratibu mzuri. Tatizo ni kwamba bomba la dawa mtu hulirudisha limeoshwa, tableti kila mmoja aliirudisha na mchezo mpya. Kazi yenyewe ya tableti, kupiga picha za majaruba tangu kupanda mpaka kuvuna, ilikuwa na matope, kwa hiyo wanaume waliona ni busara wamwachie Magdalena. Zamu yake ilikuwa asubuhi, ya watu wazima ilikuwa usiku.

Ditram: Jamani, tufute michezo. Mkaguzi yuko njiani.

Breki: Tufute. Nani kakataa? Tuanze na huu wa drafti.

Katiba: Weee! Drafti si mchezo, drafti ni akili. Humo nacheza na mtu wa Uchina, nimemla kete tano. Nikifuta leo, kule atasema Mtanzania kakimbia. Unataka kuaibisha nchi kwa ajili ya picha?

Breki: Basi wa mpira.

Chaja: Huo una timu yangu. Nimeijenga tangu daraja la nne, kipa wangu ana goti bovu, juzi tu ndiyo kapona. Unamfuta vipi mgonjwa? Wahenga walisema mgonjwa haulizwi uji.

Ditram: Wahenga hawakusema hivyo kwa ajili ya kipa.

Chaja: Na wewe hukuwepo. Tena kinachojaza humo ni lori la Breki.

Breki alishika kifua kama kasingiziwa wizi.

Breki: Lori langu linajaza, ndiyo, sikatai. Kwa nini linajaza? Kwa sababu lina mzigo! Nimebeba mbao tani thelathini, nipo mlima Kitonga napanda. Niacheni nifike, nishushe. Nikishusha tu, tableti inakuwa nyepesi yenyewe. Hesabu ndogo hiyo.

Ditram: Breki, mbao hizo hazipo.

Breki: Hazipo? Mbona lori linalalamika mlimani?

Hoja hiyo ilikuwa na uzito wa aina yake.

Katiba: Mimi naona mnazunguka. Hii ni joto. Kitu chochote kikipata joto kinavimba. Mmeona mlango wangu wa mbao? Mchana haufungi, usiku unafunga. Na michezo ndiyo hiyo hiyo, mchana imevimba. Ipozeni, nafasi itaonekana.

Usicheke, kwa maana walifanya. Mwamvua aliombwa kitambaa chake cha kufunikia kashata, kikaloweshwa, tableti ikalazwa na kufunikwa kama mtoto mwenye homa, na watu wazima wakakaa kuisubiri ipone. Ditram naye alikaa. Angeweza kuinuka aende, angeweza kufuta mchezo mmoja tu bila kumwuliza mtu. Lakini alijua swali litakalofuata, akaliogopa.

Likaja.

Chaja: Kwanza Ditram mwenyewe mbona hatuambii wa kwake? Huu wa shamba wa nani?

Breki: Shamba! Ebu tuone. Oya, lina ng'ombe! Lina bata! Mahindi yamejipanga hayana hata gugu. Mkulima ana kofia. Kaka, yaani unatoka kulima unaenda kulima?

Ditram alihisi masikio yanawaka moto. Mchezo huo aliuweka usiku wa zamu yake ya kwanza. Humo mvua hainyeshi kupita kiasi, panya hawapo, na mtu akipanda asubuhi anavuna kabla ya kwenda kulala. Alikuwa ameupenda. Aliupenda kiasi cha kuona aibu.

Breki: Tufute huu.

Ditram: Hapana... ngojeni. Una mahindi ya kuvuna leo.

Waliangua kicheko mpaka kahawa ikamwagika. Katiba alijifuta machozi, akainua kidole.

Katiba: Mwacheni. Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Mchezo huo una jembe tayari, kwa hiyo si mgeni, ni mwenyeji. Hafukuzwi.

Wakapiga kura kwa mujibu wa katiba. Kila mchezo ulisimamiwa na mwenyewe, na kila aliyetaka wake ubaki aliona ni uungwana kuuachia na wa mwenzake. Mchezo ambao haukupata kura hata moja ulikuwa wa kujifunza kuhesabu. Huo ulikuja na tableti, wakaufuta kwa kauli moja. Nafasi haikutosha.

Chaja: Subirini. Huku kuna kitu kizito kuliko michezo yote. Tazama. Majani. Majani. Majani tena. Huyu kapiga majani kuanzia huku mpaka kule, yote yanafanana!

Ditram: Hizo ni za Magdalena. Za mpunga.

Chaja: Mpunga ni mpunga, mwanangu. Sasa umeiva, picha za ulipokuwa mchanga za nini? Wewe una ndevu, kuna mtu anakudai picha za kunyonya?

Breki: Na hapa mpunga wenyewe una kama vumbi juu. Picha mbovu.

Halikuwa vumbi, yalikuwa maua. Ditram alijua kuwa ni maua. Alikumbuka Magdalena alivyorudi siku hizo, sketi imelowa mpaka kiunoni, anamwonyesha kioo na kusema, "Tazama, hakuna shina jekundu hata moja." Yeye aliguna tu, kwa sababu wakati huo alikuwa anakamua ng'ombe wa kwenye mchezo.

Ditram: Labda tumwulize mwenyewe kwanza. Yuko shambani.

Katiba: Asiyekuwepo na lake halipo. Kila mchezo hapa umepata mtetezi. Majani yana mtetezi? Anayetetea majani asimame.

Hapo ndipo Ditram alipopaswa kusimama. Alitazama matone ya kahawa miguuni pake. Akisimama kutetea majani, wangemwambia, basi futa shamba lako la kuchezea, na mahindi yalikuwa yameiva.

Ditram: Haya. Futeni.

Chaja: Hatufuti sisi. Kidole kimoja hakivunji chawa. Leteni vidole vyote hapa, kesho mtu asiseme ni Chaja peke yake.

Vidole vinne vikashuka juu ya kioo. Majani yakatoweka.

Breki: Nafasi?

Chaja: Bado. Yamekwenda kwenye pipa la taka, na pipa nalo lina uzito. Inauliza, "Futa kabisa?" Hii abonyeze mume wa mwenye picha.

Ditram akabonyeza. Kijiwe kilipiga makofi. Chaja akageuza tableti, akawapiga picha wote wanne wakiwa wameinua vikombe, ikaingia bila mgogoro, na kila mmoja akakubali kuwa kazi imefanyika.

Bodaboda ilisimama mbele yao kabla makofi hayajapoa. Aliyeshuka alikuwa binti mwembamba mwenye buti za mvua, begi mgongoni, anajipangusa vumbi la barabara.

Mgeni: Shikamooni, wazee.

Wote: Marahaba.

Mgeni: Naitwa Lightness, mimi ndiye mkaguzi wa mbegu. Namtafuta mwenye jaruba lililobaki.

Ditram: Ni mimi, mwanangu. Karibu. Nilikuwa nakwenda kukupigia picha ya mpunga ulioiva. Sasa hivi tu tumepata nafasi.

Lightness: Ulioiva wa nini, baba? Huo nitauona kwa macho yangu. Nahitaji picha za ulipokuwa unachanua. Mpunga mwekundu hujitenga wakati ule, sasa hivi huwezi kuuona vizuri. Na mwaka jana jaruba lako lilikuwa nao, kwa hiyo bila picha siwezi kulipitisha. Naomba nizione.

Breki alitazama barabara. Chaja alikumbuka kuna simu ndani ya kibanda zimejaa chaji, lakini hakuinuka. Katiba alipuliza kahawa iliyokwishapoa. Mwamvua alikusanya vikombe, hata visivyoisha.

Ditram: Zilikuwepo.

Lightness: Zilikuwepo wapi?

Ditram: Humu.

Binti alipokea tableti, akatafuta. Akaikuta picha moja. Aliitazama muda mrefu, wanaume wanne wenye vikombe. Kisha akaangalia chini yake, akakuta michezo, akairudisha.

Lightness: Aliyezipiga yuko wapi? Pengine anazo mahali pengine.

Ditram: Hana simu ya picha. Yuko jarubani. Tangu alfajiri anafyeka tuta ili wewe upite vizuri.

Lightness: Basi twende nimwambie mwenyewe kwamba mpunga huu utakwenda mashineni. Siwezi kuondoka kimya na mtu ananisubiri. Nani atanipeleka?

Jaruba lilikuwa hapo tu, nyuma ya nyumba za mwisho. Hata mgeni angeonyeshwa kwa kidole. Hakuna aliyeonyesha. Katiba, mwenye umri wa kumkanya mtu yeyote Kilangali, alianza kukuna ugoko. Watu waliojua lori la mbao litakavyopanda Kitonga, na Mchina atakavyojibu kete, hawakuijua njia ya kwenda kwa Magdalena.

Mwishowe aliinuka Ditram. Alitaka kusema kitu kwa wenzake, kitu kikali, akakumbuka kidole kilichobonyeza mara ya mwisho kilikuwa cha nani. Akakunja foronya, akaitia tableti kwapani, akatangulia na yule binti.

Walikuwa hawajafika hata kwenye kona, Breki akaita.

Breki: Kaka! Tableti si uiache tu? Sasa hivi ina nafasi.