Posa Kwenye Chumba cha Sauti

Kijiwe chetu kiko pembeni ya foleni ya malori yanayongoja kuvuka mpaka kwenda Nakonde, mbele ya kibanda changu cha kushona viatu. Naitwa Rubeni, lakini hapa wananiita Soli, na Jumapili hiyo sikutaka kuitwa chochote. Asubuhi nilikuwa mshenga wa Timotheo, mtoto wa marehemu rafiki yangu, na posa ikanifia mkononi bila mtu kutamka neno.

Mvua ilikuwa imekata barabara ya kushuka Momba, kwa akina Kabula, msichana tunayemposa. Kuahirisha hakuwezekani, kwa sababu baba yake, mzee Luhaga, ana mposaji mwingine na alishasema hangoji zaidi ya leo. Basi Timotheo akasema ipo programu wanayotumia kuongea yeye na wenzake wakicheza gemu, kila mtu kwake, sauti zote chumba kimoja. Akaiweka kwenye kompyuta yake, akawatumia kiungo wakwe Momba na mjomba wake Nakonde. Tukaingia. Majina yakaonekana yote. Tukamsikia jogoo wa Momba, tukamsikia mzee mmoja akikohoa, basi. Tulikaa hivyo mpaka simu ya mjomba ikaisha chaji, nami nikainuka nikaja zangu kijiweni, Timotheo nyuma yangu na simu mkononi.

Mwenzetu tunayemwita Foleni, ambaye zamani alikuwa utingo wa malori, alikuwa na jibu kabla sijamaliza kueleza.

— Kimya kingi kina mshindo mkuu, Soli. Maana yake bando liliwaishia.

— Bando lingeisha, jogoo mngemsikia vipi? akauliza Antena, fundi wetu wa redio.

— Jogoo hatumii bando.

Antena akaona shida ni saa. Nakonde wako nyuma yetu saa moja. Sisi tuliingia saa nne, mjomba akaingia saa tatu, na watu wa Momba hawakujua wafuate saa ipi.

— Simba mwenda pole ndiye mla nyama, akaniambia. Maneno yako bado yako njiani.

— Maneno gani? Mimi sikusema kitu.

— Ndiyo hayo hayo.

Kichwa kikaanza kuniuma. Foleni akataka kujua programu yenyewe ni ya nani. Timotheo akamweleza kwamba haina mwenyewe. Watu waliitengeneza wakaiachia, yeyote aichukue bure, aifungue aone ilivyoundwa, hata aibadilishe. Foleni akaweka kikombe chini. Kizuri chajiuza, akasema, na kitu cha bure kisicho na mwenyewe lazima kinakula sauti za watu, ndiyo malipo yake. Antena akaongeza kwamba sauti ya mjomba ilivuka mpaka bila karatasi, kwa hiyo huenda imezuiliwa na za wengine pamoja nayo.

— Wazee wangu, akasema Timotheo, akituonyesha simu. Kabula kaniandikia. Baba yake anasema tuna dharau. Jioni anawapokea wale wengine.

Dharau. Mimi! Nilipandwa na hasira, halafu nikamwangalia yule kijana, nikaogopa.

Mwisho wa benchi alikuwa amekaa mama mmoja wa Mkwajuni, Restuta, mguu mmoja peku, amekuja kushonewa kiatu. Hatukuwa tumemjali.

— Samahani, baba, akaniambia. Ulikuwa unangoja nini?

— Nilikuwa nangoja wapige hodi. Kompyuta ni ya kwetu. Mtu anaingia nyumba ya watu, anakohoa tu?

— Na wao je?

Timotheo akasoma ujumbe wa Kabula. Mzee Luhaga naye alikuwa anangoja hodi. Wanaoposa ndio wageni, na amewasikia wamekaa kwake wanapumua.

— Sasa kwenye hicho chumba, akauliza Restuta, mwenyeji alikuwa nani?

Antena akasema ni Timotheo, kisha akasema hapana, mposaji hawezi kujikaribisha kwenye posa yake. Mzee Luhaga basi? Lakini kompyuta si yake. Walioitengeneza? Wameshaiachia.

Timotheo akafungua programu ile ile kwenye simu. Jina la mzee Luhaga lilikuwa bado liko mle chumbani. Akaiweka simu mbele yangu, na machoni alikuwa ananiomba. Nikameza kiburi changu. Nikaona heri mtu mzima akubali kuwa muungwana kwanza.

— Karibuni, nikasema.

— Karibuni, akasema mzee Luhaga, neno lake juu ya langu.

Kikarudi kile kimya cha asubuhi, na jogoo wake. Timotheo akajishika kichwa. Restuta akasogea kwenye benchi akainamia simu.

— Hodi humu ndani.

— Karibu, nikaitikia, na Momba nao wakaitikia, mzee na watu wake wote.

— Karibu, mama, akaendelea mzee Luhaga, na sasa sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeketi vizuri. Umekuja na nani?

Restuta akanitazama.

— Nimekuja na mshenga, akasema.