Mama Aliyetutafutia Namba za Leseni

Mama yetu, ambaye wengi wenu mlimwita Mama Dirishani, alizaliwa tarehe 9 Mei 1952, kitindamimba wa fundi cherehani na mkunga. Alianza shule mwaka 1959, akamaliza sekondari mwaka 1970, kisha akasomea uhazili. Walimu waliandika kwamba anauliza sana. Hakuacha.

Mwaka 1973 aliajiriwa katika ofisi ya leseni za udereva, akakaa dirisha la pili hadi alipostaafu mwaka 2007. Watu walimjia wamenakili kwenye fomu tarakimu zozote walizoziona kwanza kwenye leseni, mara nyingi namba ya kadi yenyewe badala ya namba ya leseni. "Mwanangu," angesema, "hiyo ya kadi. Kadi ikipotea, inakwenda nayo. Tafuta ile yako." Aliyepoteza kadi, Mama alimtuma akalete karatasi ya bima au ya faini, maana nazo hubeba namba ya leseni. "Leo faini imekufaa, baba. Usiizoee."

Tarehe 6 Desemba 1975 alifunga ndoa na baba yetu, seremala. Baba hakujifunza kuendesha. Alisema chombo kimoja hakitaki manahodha wawili. Basi kila asubuhi Mama alimpeleka karakana kwa pikapu, mbao zikigongana nyuma, na jioni akamfuata. Walijaliwa watoto watatu.

Mwaka 2016 presha ya macho ilianza kumla nuru. Daktari alimkataza kuendesha, naye akakataa kukatazwa. "Nikiacha, mume wangu ataendaje kazini?" Tulificha funguo, alizipata. Halafu siku moja akagonga lango la karakana. Hakuna aliyeumia. Baba alisema tu, "Mke wangu, lango lilikuwa wazi."

Kesho yake wakaenda pamoja kurudisha leseni. Karani akataka namba, Mama hakuiona, kadi akapewa Baba. Akasoma tarakimu za pembeni.

"Hiyo ya kadi," Mama akamwambia.

"Na hii?"

"Hiyo siku niliyozaliwa, mzee. Hata hiyo umesahau?"

Foleni ikacheka. Hatimaye akaipata, akaisoma polepole, Mama akiitikia kwa kichwa kila tarakimu. Kisha Mama akauliza kama namba hiyo atapewa mtu mwingine.

"Hapana, mama," karani alimjibu. "Hiyo haipewi mtu."

Tangu hapo walikwenda karakana kwa miguu, Mama amemshika Baba mkono, Baba akimtajia mashimo ya njiani. "Mwendo gani huu?" Mama alimlalamikia. "Ongeza kidogo!"

Alifariki kwa kichomi, nyumbani, asubuhi ya tarehe 18 Agosti 2024. Ameacha dada zake wawili, watoto watatu, wajukuu saba, na mume wake, ambaye leo tulimfungulia mlango wa gari la mbele la msafara wa mazishi, akatikisa kichwa, akaja hapa kwa miguu.

Mama, Mungu akupe pumziko la amani.