Amaya Ezquerra, Mgonjwa Wetu wa Miaka Kumi na Tisa

Baada ya miaka kumi na tisa ya kulazwa kila Jumanne bila kuumwa, Amaya Ezquerra anastaafu rasmi tarehe 30 Juni katika chuo chetu cha uuguzi hapa Blacktown, Sydney.

Kabla ya kitanda chetu cha mafunzo, Hispania nzima ilimjua. Kwenye filamu alikuwa mtawa, mwizi wa benki, malkia mwenye wivu, na mjane bubu aliyewaliza watu bila kutamka neno. Alikuja Sydney kwa filamu moja, akaolewa na fundi umeme wa Merrylands, akabaki. Watengenezaji filamu wa huku hawakuitaka lafudhi yake. Chuo kilitafuta mtu wa kuigiza wagonjwa, akaja kwetu.

Na aliigiza, jamani! Asubuhi ana pumu, mchana ni mama aliyefiwa anayetupa vyombo. Njenga, sasa muuguzi mkuu, wakati ule mwanafunzi, alimfariji mpaka akaangua kilio mwenyewe, na Amaya ndiye aliyempa kitambaa. Kiswahili alikiokota kwetu sisi tuliotoka Afrika Mashariki. Aliwaamkia shikamoo hata vijana wa miaka ishirini, na ukimsahihisha anakununia wiki nzima.

Sharti lake lilikuwa moja: igizo halikatizwi mpaka yeye mwenyewe atamke jina lake. Akisema Amaya, mgonjwa ameondoka, tunapiga makofi. Tuliliheshimu sharti hilo kupita kiasi.

Machi mwaka huu, kwenye mtihani wa vitendo, aliigiza bibi mwenye maumivu ya kifua. Katikati mdomo ukapinda, maneno yakamkwama. Mtahini wetu, Maxwell, alitikisa kichwa kwa kuvutiwa. Chepngetich, aliyekuwa akitahiniwa, akasema hiki ni kiharusi cha kweli, akaambiwa aendelee na mtihani wake. Chumba kizima, pamoja na mimi Frida ninayeandika haya, tulikaa tukisubiri jina. Mtu aliyeshikwa ulimi angelitamkaje? Chepngetich aliuacha mtihani akaita ambulensi. Bila binti huyo, leo ningekuwa naandika tanzia.

Amepona nusu. Mkono wa kulia umelala, na sauti ile imekwenda. Anafundishwa upya kutamka jina lake. Anafika kwenye A, anakwama, anageukia dirishani. Inauma, na sina namna ya kulipamba hilo. Kila Jumapili baada ya kanisa Chepngetich humwendea, humwamkia shikamoo, na Amaya hucheka kwa upande mmoja wa uso.

Mama Amaya, asante kwa kutufundisha kumtazama mgonjwa. Utusamehe kwamba siku uliyokuwa mgonjwa kweli tulitazama igizo. Tunakuombea siku tulivu wewe na mzee wako, na chai ambayo hakuna atakayeikatiza kukupima presha.

Siku ya kukuaga utaketi mbele, wala hutadaiwa kusema chochote. Chepngetich atasimama kwanza, kisha ukumbi mzima, na jina lako tutalitamka sisi. Ndipo tutakapopiga makofi.